Muhuri Chini ya Kikombe

Nasra, mwanangu,

Salamu tutapeana kesho kwa mdomo, wewe umeshika pasipoti mkononi na baba yako anapiga honi nje kana kwamba ndege inamsubiri yeye, kwa hivyo hapa sizianzi. Nnakuandikia baada ya Asri. Wewe uko Al Khoudh kuaga nyumba ya ami yako, na najua hawatakuachia mpaka ule, basi nafasi nnayo. Nimekaa kwenye meza ya kulia, na mbele yangu viko vikombe vinne vya Bibi yako, mama yangu. Nimevitoa mwenyewe kabatini. Ndiyo, vile vile nilivyosema havitoki.

Habari ya nguo za baridi sitakwambia. Swala, chakula, kutotembea peke yako usiku, yote hayo shangazi zako wameshakwambia kwenye kundi la familia, na mmoja wao amekutumia picha ya soksi. Mimi nna jambo moja tu, na wiki nzima nimekuwa nikilizunguka.

Ni lile ulilonambia jikoni siku ya makala yangu. Ulisema, "Mama, watu wanaokupenda wanakuficha vitu." Nilikujibu. Mimi najibu kila kitu, ndiyo kazi yangu. Umri wako wote umeniona nikiandika magazetini kuwajibu watu ambao wengine hawakuniuliza. Nilikujibu kwa sauti iliyomfanya jirani afunge dirisha. Leo nataka kukujibu tena, kwa kalamu, ambayo angalau haiwezi kukukatiza.

Unakwenda Japani miaka miwili kujifunza kuchora vyombo vya kauri, katika mji ambao jina lake bado nalikosea. Nafasi hiyo uliipata na ukakaa nayo miezi. Baba yako alijua. Ami yako alijua. Dereva wa basi la chuo, nadhani, alijua. Mimi nilijua siku ya Ijumaa, juu ya sinia ya biriani, ami yako alipokuuliza kama Wajapani wanakula pilipili. Sikusema kitu mezani, na hilo peke yake liliwatisha wote. Nikaingia chumbani nikaandika makala.

Makala umeisoma. Uliisoma mbele ya wenzako, simu zikipita mkono kwa mkono, na hapo ndipo palipokuumiza. Lakini niiseme tena kwa ufupi, nataka ikae karibu na haya mengine, isisimame peke yake.

Niliandika hivi. Japani iliposhindwa vitani, majeshi ya kigeni, wengi wao Wamarekani, yaliikalia nchi ile karibu miaka saba. Watu walikuwa na njaa. Viwanda vikaruhusiwa kuuza nje vyombo na vitu vidogo vidogo ili nchi ipate fedha za kununulia chakula, na kwa muda katika miaka hiyo bidhaa zilitakiwa zibebe muhuri wa kusema kwamba zimetengenezwa Japani iliyotekwa. Maneno manne ya Kiingereza, chini ya kikombe, chini ya sanamu ya mchungaji, chini ya kidude cha kuwekea chumvi. Kisha askari wakaondoka na muhuri ukaachwa. Miaka ikapita, na sasa wako watu, Marekani khasa, wanaovitafuta vitu hivyo kwa hamu kubwa, na wanavyovitaka ni vyenye muhuri. Kikombe kile kile, rangi ile ile, kikiwa hakina maneno hayo hawakitazami. Mpaka wamezuka matapeli wanaogonga muhuri wa uwongo kwenye vikombe vya juzi. Aibu ya watu imepanda bei hadi inaigizwa.

Nikaipa jina "Wakusanyaji wa Aibu". Nikasema mtu anayepanga aibu ya mwenzake kabatini na kuiwashia taa hana tofauti kubwa na anayekwenda gerezani kutazama wafungwa. Na mwishoni nikaandika kwamba wako hata vijana wetu wanaoviagiza vitu hivyo kwa posta, wakijiita wapenzi wa sanaa. Kijana wa namna hiyo, Muskati nzima, namjua mmoja, na analala chumba cha pili.

Sikuifuta makala na sitaifuta. Hoja zake zinasimama, na mtu akitaka kuzipinga anajua pa kunipata. Lakini kuna jambo nililitumia ndani yake kama ushahidi, na ushahidi huo ulikuwa wa uwongo bila ya mimi kujua. Nitafika hapo.

Jioni ya siku makala ilipotoka ulirudi na kasha la viatu. Ukaliweka juu ya meza ya jikoni, ukatoa sanamu moja: msichana wa Kiholanzi, hafiki urefu wa kidole changu cha kati, kofia nyeupe, ndoo mbili.

"Mtazame miguu," ulisema.

"Nasra, nimechoka."

"Hujachoka. Aliyechoka haandiki kurasa mbili. Mtazame miguu."

Nikamtazama. Sikuona kitu.

"Waholanzi viatu vyao vya mbao vinafunika mguu mzima," ulisema. "Aliyemchora huyu hakuwahi kumwona Mholanzi. Ameambiwa tu, viatu vya mbao. Basi kamvisha viatu vya mbao anavyovijua yeye, kamba mbele, vidole nje. Mama, hii ni mitalawanda."

Na ilikuwa mitalawanda kweli, ile ile aliyokuwa akivaa Bibi kwendea hamamu, ko ko ko sakafuni, mpaka daktari akamkataza.

"Askari mlangoni, njaa ndani, na mtu huyu bado kamvisha msichana viatu vya kwao," ulisema. "Wewe hukuyaona hayo. Wewe kila kitu unakipindua, unasoma muhuri, basi."

Hapo ndipo nilipopandisha sauti. Nilikwambia kwamba kama kuna nyumba Muskati yenye haki ya kuusema muhuri huo, ni hii, kwa sababu ya vikombe vya Bibi. Nikakukumbusha posa yangu. Nikakwambia Bibi yako aliufahamu unyonge ulioandikwa pale, akaona haya, akavifungia kabatini vikombe vya arusi yake na hakuvitoa tena mpaka alipofariki. Na kama yeye, mtu asiyesoma Kiingereza, aliona haya, wewe mwenye shahada unaona nini cha kufurahia?

Ukamrudisha msichana wa Kiholanzi kashani. Kisha ukasema kwa upole, na upole wako ndio uliniudhi, "Bibi hakuvificha kwa haya, Mama. Alinambia mwenyewe. Alivificha kwa sababu ungekuja kuvisoma tena."

Ndipo ukasema lile la watu wanaokupenda. Ukaomba ukichukue kikombe kimoja, ukirudishe kilikochorwa. Nikakwambia katika nyumba hii hakitoki kikombe. Tangu siku hiyo tunazungumza habari za viza, za mizigo, za nani atakupeleka uwanja wa ndege, na tunazungumza vizuri sana, kama watu wa ofisi moja.

Sasa posa. Unaijua, imesimuliwa kila arusi katika ukoo huu, na msimulizi mkubwa ni baba yako. Lakini umesikia nusu ya barazani. Nusu ya jikoni hujapata kuisikia, kwa sababu tuliokuwa jikoni tulikuwa wawili, mmoja kafariki na wa pili ni mimi.

Tulikuwa tunakaa Mawaleh, hapa hapa Muskati, wakati ule soko la matunda na mboga bado liko huko, na upepo ukigeuka sebule yote inanuka vitunguu. Mimi nimemaliza chuo, nimesoma vitabu vingi kuliko ilivyonifaa, na nilikuwa nikitembea navyo kichwani kama mtu aliyebeba ngazi, kila ninapogeuka namgonga mtu. Wakaja wanawake wa upande wa baba yako kutoka Madinat Sultan Qaboos, mtaa wa wenye nacho, na mkubwa wao ni Bi Zamzam, shangazi wa baba yako. Wao ni wa mjini Unguja, walitangulia kuja Omani na walijaaliwa. Sisi ni watu wa shamba. Babu yangu alikuwa na mikarafuu na kibanda cha kukaushia. Hilo halikusemwa, lakini lilikuwa limekaa pale sebuleni pamoja nasi, limejaza kiti chake.

Bibi yako alitoa vikombe vyake. Vilikuwa sita na birika lake alipoolewa. Baba yake alivinunua Darajani, kwa Muhindi. Vinne ndivyo vilivyofika Muskati, ndani ya sanduku la bati, vimefungwa kwenye kanga. Unavijua: vyeupe, vyembamba, ukikiinua penye mwanga unauona mkono wako upande wa pili, na tawi la maua ya waridi mepesi linazunguka mpaka kwenye mkono wa kikombe, kisha linaingia ndani kidogo, kana kwamba limechungulia. Mgeni wa kawaida alikuwa akipewa kahawa kwenye finjani kama nyumba yoyote. Vikombe vile vilitoka kwa arusi, kwa Idi, na kwa watu ambao Bibi yako alitaka wajue kwamba na yeye ametoka kwenye nyumba.

Bi Zamzam akakishika chake akakizungusha. "Vizuri," akasema. "Vya wapi hivi? Vya Kizungu?"

"Vya arusi yangu," Bibi yako akajibu.

Angeachiwa hapo pangetosha. Jibu lile lilikuwa kamili. Lakini mimi nilikuwa nimeingia na sahani ya kaimati, na nilisikia swali limeulizwa. Nikachukua kikombe kimoja kilichokuwa bado kitupu, nikakipindua mbele ya wageni, nikawasomea muhuri kwa Kiingereza kisha kwa Kiswahili. Nikawaeleza habari za vita, na za majeshi, na za biashara. Nikasema, hivi si vya Kizungu, hivi vimetengenezwa na watu waliotekwa.

"Haya tena," akasema Bi Zamzam, "hata vikombe vya watu wa shamba ni mateka."

Wakacheka. Ndipo nikasema yale ambayo baba yako anayasimulia mpaka leo: "Mateka aliyeandikwa ana nafuu, Bi Zamzam. Sisi kule Unguja bendera ya wengine ilipepea miaka na miaka, na sijasikia gunia hata moja la karafuu lililopigwa muhuri kwamba limetoka kisiwa kilichotekwa. Wajapani waliambiwa ukweli. Sisi tuliambiwa tunalindwa."

Bi Zamzam akaweka kikombe chake chini, akaomba maji. Jioni ile alimsimulia baba yako kisa chote, akikusudia kumwonya, na baba yako akamwambia, "Basi huyo huyo, shangazi." Hapo ndipo kisa kinapoishia katika arusi, na watu wanapiga vigelegele. Mimi nilishinda. Nilipata hoja, na mume, na jina la ulimi ambalo limenilisha maisha yangu yote.

Jikoni nilimkuta Bibi yako anaviosha vikombe mwenyewe. Hakutaka nimsaidie.

"Pale chini," akasema, hakuniangalia, "kumbe pameandikwa hivyo."

"Ndiyo, Mama."

"Maneno manne."

"Manne."

"Nilidhani ni jina."

"Jina la nani?"

"La aliyekichora. Jina lake, la baba yake, la babu yake, na kabila lao. Kama sisi."

Yeye alisoma Kurani na aliandika Kiswahili chake kwa herufi za Kiarabu. Kiingereza hakukijua. Tangu arusi yake alikuwa akiviosha vikombe vile na kuyaona maneno manne yamepangwa vizuri kwenye duara dogo, na ni mtu gani wa kwetu atakayeona maneno manne yamepangwa hivyo asidhani kwamba ni mtu, na baba yake, na babu yake, na kabila? Alinambia kwamba kila alipoviosha, baada ya wageni kuondoka, alikuwa akisema, Mola, mlinde mwenye jina hili, yeye na watoto wake, popote walipo. Alivyosema ni kama mtu anayeeleza jinsi anavyoosha masufuria.

Nilicheka, Nasra. Sikucheka kwa ubaya, lakini nilicheka. Kisha nikaanza kumweleza upya. Nilimweleza tangu mwanzo wa vita. Maji kwenye beseni yalipoa nami bado namweleza. Alinisikiliza mpaka mwisho, kwa sababu yeye alikuwa akimsikiliza mtu mpaka mwisho, na nilipomaliza akauliza, "Basi huyo mtu hana jina?"

"Halikuandikwa."

"Lakini hao askari, habari yao imeandikwa."

"Ndiyo hilo, Mama."

Akavifuta kimoja kimoja, akavipanga kabatini, akafunga. Sikumwona tena akivitoa. Ulipozaliwa wewe, watu wamejaa nyumbani, alitoa vikombe vya dukani. Nami kwa miaka yote hiyo niliamini kwamba aliona haya, kwamba nilimfungua macho akauona unyonge ulioko chini ya vikombe vyake. Niliwaza hivyo kwa huruma na kwa fahari kidogo. Na haya hiyo niliiandika. Iko kwenye makala zangu zaidi ya mara moja, pamoja na hii ya mwisho: "mama mmoja ninayemjua, aliyeona haya akavificha." Huo ndio ushahidi wangu. Bibi yako hakuwa anaona haya. Alikuwa anavikinga na mimi.

Ulipotoka jikoni siku ile nilikaa kitini muda. Kisha nikafanya jambo la kitoto. Nilikumbuka ulivyonionyesha unavyoupima muhuri: pamba, na dawa ya kufutia rangi ya kucha. Muhuri wa uwongo umegongwa juu ya ule ung'avu unaofunika kikombe, unatoka kwenye pamba kama wanja. Wa kweli, mara nyingi, uko chini yake, umeingia tanurini pamoja na kikombe, na hautoki. Nikachukua chupa yako bafuni, nikatoa vikombe, nikakaa kusugua. Sijui hata nilikuwa nataka nini. Nadhani nilitaka utoke. Ungetoka, basi posa, na hotuba, na makala, na miaka yote ile, vingekuwa juu ya uwongo wa tapeli fulani, na mimi na Bibi tungekuwa tumekosana bure, na la bure linasameheka upesi.

Nilisugua vyote vinne. Pamba zilibaki nyeupe.

Nikakaa nikivitazama, na kwa mara ya kwanza nikaona kwamba maua si sawa. Sikupata kuvipanga pamoja kabla ya hapo. Kwenye kikombe kimoja lile tawi linaingia ndani zaidi, na mwishoni pana kichipukizi ambacho vikombe vitatu havina. Mtu alikuwa na mchoro wa kufuata, na kazi nyingi mbele yake, na siku moja mkono wake ukaongeza kichipukizi kimoja. Hakuna aliyemlipa kwa hicho, na mimi nimekaa na kikombe hicho tangu utoto wangu sijakiona. Nilikuwa nakipindua nisome muhuri.

Unaona nisivyoweza kunyamaza. Hata kukwambia kwamba nilikosea nimekwambia kwa hoja.

Bibi yako alinificha na mguu wake pia. Ganzi na maumivu vilianza zamani, na mimi nikajua siku aliyoshindwa kushuka kwenye gari. Nilipomuuliza kwa nini hakunambia, alisema, "Ningekwambia ungenieleza." Nilidhani ni mzaha, nikawasimulia watu kama mzaha. Mtu mwenye mguu unaouma anataka ushikwe mguu. Mimi ningempa sababu tatu za kwa nini angekwenda hospitali mapema, na zote zingekuwa sahihi. Sijapata kumpigia simu daktari, au kumkanda mtu mguu, kabla ya kuthibitisha kwamba mimi nilishasema tangu mwanzo.

Na wewe ukanificha Japani. Nimejiuliza ungenambia siku ile ile ulipopata barua, mimi ningesema nini. Nimejaribu kujidanganya lakini najijua. Ningesema: kwa nini ukajifunze kuchora kwa watu ambao nchi yao iliwachoresha kwa amri ya wengine, na sisi hapa tuna wafinyanzi wetu Bahla? Ingekuwa hoja nzuri. Ningeisema vizuri. Wewe ungesimama na barua yako mkononi, na uso wako ukiwa bado na ile furaha, na ungeanza kuikunja.

Kwa hivyo jibu langu ni hili, nimechelewa nalo lakini ndilo: ni kweli. Mnanificha vitu, na mnafanya sawa.

Sikuandikii ili uwe mpole. Wapole wengi ninaowajua wanaogopa tu, na woga wao wanauita adabu. Ulimi huu unao na wewe. Nimeusikia jikoni, "aliyechoka haandiki kurasa mbili", nami nikiwa katikati ya hasira nilitaka kukupigia makofi. Utakutana huko na watu watakaokwambia mambo ya ovyo juu yetu, na watu wa huko huko wasiotaka kusikia habari za muhuri, na wengine watakaotaka uusikitikie mchana kutwa. Wajibu. Usimezee mtu upumbavu kwa sababu ya ugeni. Lakini mtu akikupa kikombe, nywa kwanza. Mimi sikunywa chai yangu siku ile, Nasra. Katika watu wote waliokuwapo sebuleni, mimi peke yangu niliyejua kila kitu juu ya vikombe vile ndiye nisiyevinywea.

Nilimwambia baba yako asubuhi kwamba nakuandikia. Akauliza, "Ndefu?" Nikamwambia ndefu. Akasema, "Basi mpe mapema, asije akakosa ndege." Miaka yote hii anaishi na mimi na hajapata kunificha kitu, isipokuwa hilo moja la Japani, na hilo nimemsamehe kwa sababu ulimwapisha mtu ambaye hawezi kusema uwongo na bado akaweza. Ni lazima anakupenda sana.

Kuna jambo lingine nililiwaza nilipokuwa nasugua. Nimeandika sana juu ya nani aliandika maneno yale manne, na amri ya nani. Bibi yako, ambaye hakuyasoma, ndiye peke yake aliyemuulizia mtu mwenyewe, aliyekichora. Aliona mahali pa jina akaweka jina. Alipojua kwamba halimo, sidhani kama aliacha kumwombea. Nadhani aliomba kimyakimya, ili nisimsahihishe. Wewe unakwenda kukaa na watu ambao huenda bibi zao ndio walioshika brashi hizo. Sikuagizi ukamtafute mtu. Hapatikani, na wewe si mpelelezi. Lakini siku utakapotoa tanurini kikombe chako cha kwanza, hata kikiwa kimepinda, hata kikivuja, andika chini yake jina lako, la baba yako, la babu yako, na la kabila. Nafasi ya maneno manne ipo, tumeshaiona.

Kikombe chenye kichipukizi ni chako. Nimekifunga kwenye ile kanga ya Bibi ya rangi ya zabibu, kisha nikakifungua, kwa sababu kesho asubuhi nakitaka kwanza. Kichukue kiende kwao. Ukikivunja njiani, umekivunja. Vilikuwa sita vikafika vinne na hatukufa.

Radhi yangu unayo. Ulikuwa nayo hata siku ile jikoni, katikati ya kelele, ila nilijaa maneno mdomoni na hili halikupata pa kupita. Nenda nayo. Isikuzidie begi.

Kesho nitaamka kabla yako nichemshe chai, ya maziwa na hiliki, kama ya Bibi. Tutakunywa watu watatu, na kikombe cha nne tutakijaza tu. Baba yako ataanza kusimulia posa, mwache asimulie. Wewe kipindue chako ukitaka, ukitazame utakavyo, mbele yangu. Mimi nitakunywa chai yangu ikiwa bado moto, na sitasoma kitu.

Mama yako